Jeshi Lisilokuwa na Wembe

Huyu ninayemwandika ni dada yangu, mtoto wa kwanza wa fundi viatu, mjukuu wa mwanamke aliyezalisha mtaa mzima bila kupoteza mzazi hata mmoja. Nyumbani tulimwita Dada Mkubwa. Kiwandani walimwita Sindano. Filamu zilipokuja, watu wa mtaa wakamwita Mama Dainosa, jina ambalo halikumpendeza lakini aliliitikia. Ndiye aliyeshona magunia ya unga kwa miaka kumi na minane na gunia lake halikupasuka njiani hata moja. Ndiye aliyemsema msimamizi mbele ya zamu nzima mpaka wanawake wakajengewa choo chao. Alimlea mwanawe peke yake, na mimi mdogo wake nilipoachwa akaniongeza kwenye sahani. Na ndiye aliyekuwa akimshona mume wake ndani ya mnyama na kumtoa akiwa hai, mara nyingi nisizoweza kuzihesabu, isipokuwa mara moja.

Hiyo mara moja imesimuliwa na wengi, na kila msimulizi ameipaka rangi yake. Mimi nilikuwepo.

Shemeji alikuwa kuli wa kiwanda hichohicho cha unga. Jina lake la kazini lilikuwa Magunia Mawili, kwa sababu wenzake walibeba moja na yeye alibeba mawili, moja kila bega, akipanda ubao wa lori huku akipiga mluzi. Alikuwa mtu wa mzaha. Mimi kwake nilikuwa mke mdogo, kama shemeji wanavyotaniana, na kila akija kwetu aliuliza kama nimeshajifunza kupika au bado ninaua watu polepole. Dada yangu aliolewa naye akiwa na miaka ishirini na mitatu, na hata leo sijaona mwanamume aliyemwangalia mkewe kama yule alivyomwangalia dada, kana kwamba kila siku kaletewa zawadi asiyoitarajia.

Aliyewaingiza kwenye filamu ni mpiga picha wa pasipoti, jirani ya kiwanda. Tulimwita Bwana Tulia. Kila aliyekaa kwenye kile kiti chake aliambiwa neno hilo moja: tulia. Mwaka mmoja alinunua kamera ya video iliyochakaa kwa mtu aliyepiga picha za harusi, akatundika ukutani ukurasa wa kitabu cha shule wenye picha ya dainosa, akaanza kuwaita watu. Alitaka kutengeneza filamu ya mnyama huyo akipigana na jeshi la mfalme wa zamani, wakati wa mikuki na ngome.

Mwalimu wa sayansi alipita akamwambia kwamba wanyama hao walikwisha kabla binadamu hajaonekana duniani.

"Mwalimu, wewe ulikuwepo?" Bwana Tulia akauliza.

"Sikuwepo."

"Basi tuko sawa."

Mimi nilimwuliza kwa nini asiweke watu wa leo. Akanijibu bila kuinua macho. "Watu wa leo wana bunduki. Mnyama atadumu dakika mbili. Wa mikuki watanifikisha mwisho wa kanda." Na tena watu wa zamani walivaa magunia, na magunia kiwandani yalikuwepo.

Mnyama mwenyewe alitengenezwa kwa sponji ya magodoro iliyobandikwa kwa gundi juu ya turubai, na juu ya sponji vipande vya mpira wa ndani wa tairi vilivyokatwa kama magamba. Meno yalitoka kwenye madumu meupe ya mafuta. Macho yalikuwa vioo vya tochi. Mkia ulijazwa matambara na ulivuta mgongo wa mtu kama mzigo wa pili. Ukivaa vyote ulikuwa umebeba gunia zima, na ndiyo maana alitafutwa Magunia Mawili. Uso wake ulikaa kwenye koo la mnyama. Aliona na kupumua kupitia ule mdomo uliotoboka, na kama ulitaka kuongea naye ulizungumza na meno.

Filamu ya kwanza mnyama alikuwa na zipu mgongoni. Tulikwenda kuiangalia kwenye banda la video, dada na shemeji mbele, mimi nyuma yao. Mnyama alipotokea juu ya ukuta wa ngome watu walinyamaza kweli, mama mmoja akambana mtoto wake kifuani. Kisha mnyama akageuka. Sauti ikatoka nyuma. "Jamani, mfungieni zipu, atapata baridi." Banda zima likaangua kicheko na halikunyamaza mpaka mwisho. Shemeji alicheka kuliko wote. Bwana Tulia hakucheka. Alitoka akasimama nje akiwa ameuegemeza uso ukutani.

Ndipo dada akatoa wazo lake. Nasema lilikuwa lake kwa sababu yeye mwenyewe hakuwahi kulikana.

Aliyewahi kufungua gunia la unga anaujua mshono ule. Uzi mmoja unajisokota vitanzi, kitanzi ndani ya kitanzi. Ukiikamata ncha ya mwisho na kuivuta, mshono wote unafunguka kwa mkupuo mmoja. Ukiikamata ncha ya kwanza utavuta mpaka kesho na mshono utazidi kukaza. Dada alimwambia Bwana Tulia aondoe zipu. Yeye atamshona mumewe humo kwa sindano ya kulabu, uzi wa nailoni mweusi, kuanzia kisogoni kwa mnyama mpaka chini ya kiuno, na magamba yatafunika. Ncha ya mwisho ataiacha ikining'inia juu ya mkia. Akitaka kumtoa, anavuta.

"Na mimi nikitaka kutoka?" shemeji akauliza.

"Wewe utaniita."

"Na usiponisikia?"

"Lini sikukusikia?" dada akasema. "Hata unapokoroma nakujibu."

Kumshona kulichukua nusu saa. Kumtoa, pumzi moja. Dada akaweka sheria kwamba mshono ukishafungwa, mumewe hakai ndani zaidi ya robo saa, saa iko mkononi mwake yeye, na robo ikitimia anavuta uzi hata kama mfalme yuko katikati ya hotuba. Bwana Tulia alinung'unika akakubali. Tulifanya kazi kwenye kiwanda cha matofali kilichokufa, uwanja mkubwa wenye vumbi jekundu, na ukuta wa ngome ulikuwa magunia ya mchanga yaliyopakwa udongo. Askari walikuwa makuli wenzake, wachoma matofali wa zamani, mlinzi wa shule na wanawe. Mimi nilipika chakula cha watu hao wote.

Kwenye filamu ya pili mlinzi wa shule alikuja na panga lake la kweli, akasema la mbao linamvunjia heshima. Katika kupigana akasahau kwamba mnyama ana mtu ndani. Panga lilipita sponji likaingia pajani kwa shemeji. Damu ilitoka kwenye mguu wa dainosa, na Bwana Tulia, Mungu amsamehe, akaendelea kupiga picha kwa sababu ilionekana vizuri.

Baada ya hapo dada akaweka sheria ya pili. Hakuna chuma chenye makali kinachoingia uwanjani. Mapanga, mikuki na mashoka yote yakatengenezwa kwa mbao nyepesi na makaratasi magumu, yakabandikwa ile karatasi ya fedha inayotoka ndani ya pakiti za sigara. Kila asubuhi dada alisimama langoni akiwapapasa wanaume viunoni na mifukoni.

"Sindano, wewe umeshaolewa," wakamwambia, "humu unatafuta nini?"

"Natafuta akili. Sijaiona hata kwa mmoja."

Alichukua visu, akachukua mikasi, akachukua hata kikata kucha cha mlinzi. Mimi mdogo wake nilipapaswa kama wengine, na tangu siku ile vitunguu vyangu nilivikata nyumbani. Wembe uliobaki uwanjani ulikuwa mmoja, wake yeye, umefungwa kwenye karatasi ndani ya mfuko wa aproni, kama uzi ungekwama. Filamu ya tatu ikapita hivyo, salama, hakuna hata aliyechubuka. Watu wakamsifu dada, na alistahili.

Ya nne iliitwa Kifo cha Mnyama. Siku ya mwisho ilikuwa ya mnyama kuuawa mbele ya mfalme na mama yake, na yule aliyecheza mama wa mfalme hakuja, mtoto wake alikuwa na homa. Bwana Tulia alizunguka uwanja akiwaangalia wanawake mmoja mmoja kama anayechagua kuku, akasimama kwa dada.

"Wewe. Una shingo ya kifalme."

"Mimi nina kazi yangu."

"Kazi yako utaifanya umekaa. Hatua kumi tu kutoka kwake. Ukiona robo saa, unanyanyuka."

Dada alikataa, lakini alikataa kwa sauti ambayo mimi dada yake niliitambua. Miaka mitatu alikuwa nyuma ya kamera akishona na kufumua. Shemeji alikuwa tayari ameshonwa, akapiga kelele kutoka kooni mwa mnyama, "Mke wangu kuwa malkia, nami nikafe mbele yako kwa heshima." Watu wakacheka, na dada akakubali. Walimvika pazia la zambarau na bangili za shaba mpaka kwenye kiwiko. Bwana Tulia akamvua aproni kwa mkono wake. Mama wa mfalme havai aproni, alisema. Ikatundikwa kwenye msumari katika chumba cha kubadilishia nguo, ng'ambo ya uwanja, na saa ya mkononi ikawekwa ndani ya mfuko uleule.

Jambo la pili lilitendeka wakati dada anavikwa, na hakuna aliyeliona isipokuwa aliyelitenda, ambaye baadaye alilieleza mwenyewe. Bwana Tulia alichungulia kwenye kamera, akauona uzi unaning'inia juu ya mkia. Hakuwa na mkasi. Nani angekuwa na mkasi? Akachukua sigara yake akaichoma ile ncha. Nailoni ikayeyuka, ikajikunja juu mpaka kwenye kitanzi cha mwisho, ikagandamana nacho kuwa tone moja gumu, jeusi, dogo kama mbegu ya papai. Akarudi kwenye kamera, ameridhika.

Tulianza saa tano. Mara ya kwanza jemadari alisahau maneno yake. Mara ya pili mkuki mmoja ulivunjika katikati ukabaki unaning'inia. Mara ya tatu Bwana Tulia aligundua kwamba askari wa mfalme amevaa saa ya mkononi. Kila mara mnyama alisimama palepale juani akisubiri, na vumbi lilikuwa la moto mpaka tulikuwa tunanyanyua miguu kwa zamu.

Nilimpelekea maji. Nikayamimina kupitia meno.

"Shem, upo?"

"Nipo. Nimeiva upande mmoja, mwambie dada yako anigeuze."

Sauti yake ilikuwa nzito, kama ya mtu aliyeamshwa. Nilimwambia dada. Dada akanyanyuka kwenye kiti cha enzi. "Namfungua apate hewa."

"Ukimfungua ni nusu saa kumshona tena," Bwana Tulia akasema, "na kivuli cha tanuri kitakuwa kimefika hapa. Mara moja tu imebaki. Mwulize mwenyewe."

Dada akamwuliza. Mnyama akapunga ukucha. "Kaa, mke wangu. Tumalize twende nyumbani."

Dada akakaa. Bwana Tulia akamsogeza kidevu juu kwa kidole. "Mama wa mfalme hatikisiki. Mnyama akifa, wewe unafurahi, ndiye aliyekula watu wako. Tulia."

Mimi nilikuwa nyuma ya kiti cha dada nikishika kipepeo cha makuti, mmoja wa watumishi. Nilikuwa nakiona kisogo chake na taji la bati. Askari arobaini walimzunguka mnyama wakipiga kelele. Mnyama akazunguka mara mbili, akapiga magoti, akaanguka ubavu. Mkia ulipiga vumbi. Ukucha mmoja ulikwaruza ardhi, ukakwaruza tena. Hatukuwahi kumwona akifa vizuri namna ile. Askari mmoja jirani yangu akanong'ona, "Huyu leo kanywa nini?" Wengine walikuwa wanauma midomo wasicheke kwa furaha, maana ilikuwa wazi kwamba safari hii haitarudiwa.

Kisha dada akaruka. Pazia lilimvuka kichwani likabaki kwenye kiti. Alifika, akapapasa juu ya mkia kuutafuta uzi, akapapasa tena, akalikuta lile tone. Nilimwona akilibana kwa kucha. Lilikuwa gumu kama changarawe. Akakimbilia ncha ya kisogoni akavuta, na yeye ndiye aliyejua kuliko sote kwamba upande ule unakaza tu, lakini alivuta.

"Wembe," akasema. Hakupiga kelele. "Nani ana wembe. Nani ana kisu."

Wahenga wanasema penye wengi hapaharibiki neno. Tulikuwa wengi. Palikuwa na mapanga thelathini, mikuki, mashoka mawili, na upanga wa mfalme wenye mpini wa dhahabu. Kila mtu aliangalia alichoshika mkononi. Mlinzi wa shule akapiga magoti akaanza kukereza uzi kwa upanga wake, ukakunjika kama jani, akaunyoosha akakereza tena huku analia. Dada aliuma mshono kwa meno. Jino lake la mbele lilivunjikia pale na hakulitema. Kuli mmoja akaingiza mkono kwenye mdomo wa mnyama akagusa paji la uso la shemeji, akautoa haraka kama aliyegusa sufuria.

Nilikimbia kuifuata aproni. Nilirudi. Nasema hivyo tu, nilikimbia na nikarudi, maana nimeshaulizwa mara nyingi kama sikuweza kukimbia zaidi. Wembe ulipopita, mvuke ulitoka mgongoni kwa mnyama tukauona kwa macho, na shemeji alikuwa mwekundu, mkavu, hana jasho hata tone. Alifariki kwenye lori la kiwanda kabla hatujafika hospitali. Binti yao alikuwa na miaka miwili.

Polisi waliandika kwamba alivaa kwa hiari yake, na kweli alivaa kwa hiari. Siku ya tatu ya msiba Bwana Tulia alikuja, akakaa kwenye mkeka mbele ya dada.

"Shemeji yetu alikufa kazini," akasema. "Nataka kanda iendelee. Iwe heshima yake."

"Ichome," dada akamwambia.

"Ndiyo picha yake ya mwisho."

"Ichome. Watu wasije wakakaa kwenye mabenchi wakila karanga wanamwangalia mume wangu anakata roho."

Aliahidi. Miezi minne baadaye Kifo cha Mnyama ilikuwa kwenye mabanda yote. Dada alipita nje ya banda moja akitoka kazini, akasikia watu wanapiga makofi, na kwa sauti za askari aliujua ule ulikuwa wakati gani. Aliniambia makofi yalikuwa marefu. Filamu zile tatu za kwanza zilichekwa tu. Hii ilipendwa.

Tangu hapo dada alikuwa na kazi mbili. Ya kwanza kiwandani. Ya pili kuzitafuta kanda. Jumapili alifunga kitambaa, akabeba kikapu, akaenda banda kwa banda. Wengine aliwaeleza ukweli wakampa kimya. Wengine aliwashonea mapazia ya banda lao wakambadilishia. Wengine, na hili hakulionea aibu, aliwaibia. Mwenye banda mmoja alimwambia usoni, "Mama, pole, lakini mnyama wako ndiye anayenijazia watu. Hakuna anayejua kufa kama yule." Dada alimwangalia, kisha akamwuliza mkewe amezaa watoto wangapi. Akajibu wanne. "Basi siku mmoja akifa, uniite nije nipige makofi." Kanda alipewa.

Akizileta nyumbani alikuwa anaufungua mkanda wa ndani na kuuvuta wote nje, rundo la utepe mweusi, akautia kwenye jiko la mkaa. Hakuangalia hata moja. Miaka yote hiyo hajawahi kuiona ile filamu. Alisema haina haja, mwenye macho haambiwi tazama, na yeye alishatazama mara moja. Akimsimulia binti yake alisimulia hivi: baba yako alianguka, mimi nikaruka palepale, lakini yule mwanamume alikuwa amechoma uzi. Nami nilisimulia hivyohivyo. Bwana Tulia akapofuka, akafa, hatukwenda kumzika. Mabanda yakafungwa, kila mtu ana televisheni yake. Dada akaacha kubeba kikapu. Akadhani amemaliza.

Mwaka juzi miguu ilimwishia, binti yake akamchukua kwake. Binti ni muuguzi, ana watoto watatu. Nilikwenda kumwona dada mchana mmoja, tukawa tumekaa chumbani, yeye kitandani, mimi kwenye kiti. Watoto walikuwa sebuleni na simu. Walikuwa wanacheka mpaka wanakosa pumzi. Kisha ikasikika sauti ya mtu akitangaza, sauti nyembamba yenye mikwaruzo, na dada akanishika mkono.

"Huyo Tulia," akasema.

Nikasema haiwezekani.

"Mtu niliyemchukia miaka arobaini nisiijue sauti yake?"

Akawaita watoto. Walikuja na simu wakiwa bado wanacheka. "Bibi, ni dainosa wa zamani, ni wa sponji kabisa, anapigana na watu wenye mapanga ya karatasi. Utaogopa."

"Leteni."

Wajukuu hawakuwa na habari. Binti yake alikuwa ameambiwa, lakini watoto hakuwahi kuwaambia. Nilitaka kuichukua ile simu, dada akautoa mkono wangu. Akaiweka karibu na jicho lake moja ambalo bado linaona. Akaangalia kuanzia pale walipofika, jemadari anatoa amri, askari wanazunguka. Mimi niliangalia juu ya bega lake. Picha ilikuwa imefifia lakini kila kitu kilikuwepo, vumbi, kiti cha enzi, mimi nyuma yake na kipepeo, msichana mwembamba ambaye nilimsahau.

Bwana Tulia hakujua kukata picha na kuunga. Alichokipiga ndicho kilichokwenda kwa watu. Na hapo alikuwa amesogea nyuma ili mnyama na mama wa mfalme wakae kwenye picha moja.

Mnyama akaanguka. Mama wa mfalme hakuruka.

Alikuwa amekaa, kidevu juu, anatabasamu. Mkia ulipiga vumbi, yeye anatabasamu. Ukucha ulikwaruza, ukakwaruza, ukaacha. Halikuwa tabasamu la kuagizwa. Mimi namjua dada yangu, ile ilikuwa sura yake ya Jumamosi za kupakia malori, mumewe akipanda ubao na magunia mawili na watu wakimwangalia. Alikuwa anaona fahari. Chini ya picha kuna tarakimu zinazohesabu, na ziliendelea kuhesabu, dakika moja ikapita, ikaingia ya pili na kufika nusu yake. Ndipo uso wake ukabadilika, akanyanyuka, na picha ikageukia kwa mfalme.

Dada akamwambia mjukuu arudishe nyuma. Akaangalia mara ya pili. Watoto walikuwa wameshaona kwamba bibi hacheki, wakaondoka mmoja mmoja wakaiacha simu. Nilimwambia, dada, hata mimi nilisimama pale, hata mimi sikujua. Nilimwambia dakika moja na nusu si kitu. Akanigeukia.

"Wewe ulikimbia kwenda na kurudi kwa dakika ngapi?"

Jioni dada hakula.

Siku ya pili yake nilikuwepo tena. Binti alirudi kutoka zamu, hajavua hata sare, dada akamwambia afunge mlango aketi. Akamweleza yote bila kupamba: sikuruka palepale, nilikaa, nilidhani anaigiza, na nilikuwa nafurahi. Akamwambia pia kwamba zile kanda alizochoma, sasa hajui alikuwa anamsitiri nani.

Binti akasema, kwa sauti yake ya wodini, "Mama, mtu aliyepigwa na joto namna ile, hata ungeruka, huenda..."

"Sikukuita unipe dawa."

"Ndiyo, mama."

"Hizi za kwenye simu siwezi kuzichoma. Na hata ningeweza, sitaki tena. Nina kazi nakupa."

"Kazi gani?"

"Popote utakapowakuta wanaiangalia, usiwafukuze. Waache wacheke mpaka mnyama aanguke. Hapo isimamishe. Uwaambie ndani mna mtu, na ni baba yako, na hapo haigizi. Wakikuuliza yule mama kwenye kiti ni nani, mbona anacheka, usinifiche. Waambie ni mkewe."

"Mama, wanaoiangalia ni maelfu. Nitaanzia wapi?"

Dada akaelekeza kidole mlangoni, upande wa sebule.

"Anza na wale wako."